Wanaume Waliovaa Kike na Nyimbo za Mzaha katika Pwani ya Dhahabu

Ziko nchi nyingi duniani ambamo wanaume wamevaa nguo za kike mbele ya watu, si kwa kudanganya mtu, ila kwa mchezo. Na katika mchezo huo wameimba mambo ambayo hapana mtu wa adabu angethubutu kuyasema kwa maneno matupu. Katika Uingereza siku za Shakespeare, kila mwanamke aliyeonekana jukwaani alikuwa mvulana aliyevikwa gauni, na desturi hiyo ilidumu hata karibu na mwaka 1660. Lakini leo sitaki kwenda Ulaya. Nataka kueleza habari za nchi ya Afrika ya Magharibi, ile iliyoitwa zamani Pwani ya Dhahabu, nayo tangu tarehe 6 Machi 1957 yaitwa Ghana.

Nimeichagua nchi hiyo kwa sababu mbili. Kwanza, miongoni mwa watu wa mwanzo walioonyesha mchezo huo alikuwamo mwalimu wa shule, na walioulea ni vijana waliofundishwa katika shule za misheni. Basi sisi waalimu na wanafunzi wetu hatuwezi kusema kwamba hautuhusu. Pili, habari zake zaonyesha wazi nguvu ya wimbo wa mzaha, na kasoro yake pia.

Katika pwani ya nchi hiyo uko mji wa bandari uitwao Sekondi. Mwanzo wa karne ya 20 Waingereza walijenga reli kutoka hapo kwenda kwenye machimbo ya dhahabu, na hata Kumasi, mji mkuu wa Waashanti. Kwa hiyo Sekondi palijaa makarani, mabaharia, wachukuzi na wafanya biashara. Kila mwaka tarehe 24 Mei ilikuwa Siku ya Dola ya Uingereza. Watoto wa shule walipanga safu, wakaipigia bendera saluti, wakaimba nyimbo za kumsifu Mfalme. Mwaka 1918 mwalimu mkuu wa shule moja ya Sekondi, aitwaye Mwalimu Yalley, alionyesha mchezo wa kuchekesha katika sikukuu hiyo. Alivaa nywele za bandia na masharubu ya kubandika, akajipaka rangi usoni, akaimba na kucheza, huku kinanda na ngoma zikimfuata. Alisema Kiingereza, na waliokuja kumtazama walikuwa wasomi na matajiri, kwa maana kiingilio kilikuwa ghali.

Sisemi ya kuwa Mwalimu Yalley alikuwa mwasi. Hata hivyo, fikiri, msomaji: siku ile ile watoto wanapofundishwa kumwiga Mwingereza kwa heshima, mwalimu wao atokea kuiga kwa kuchekesha. Yeye aliyefundishwa kuiga amepewa silaha mkononi, wala aliyemfundisha hawezi kujua ataielekeza wapi. Sisi wa Afrika ya Mashariki twalijua jambo hilo, kwa maana tulikuwa na beni. Tangu miaka ya 1890 vijana wa Lamu na Mombasa walianza kuiga gwaride na tarumbeta za askari wa Kizungu, wakajipa vyeo vya maofisa, wakashindana kwa mavazi na kwa nyimbo za kuumbuana; na wakati wa Vita Kuu ya 1914–1918 ngoma hiyo ilienea hata bara. Kuiga kwa namna hii huwa nusu sifa na nusu dhihaka, wala si rahisi kuzitenga nusu hizo mbili.

Inapasa niseme neno juu ya ile rangi ya usoni. Wachezaji walijipaka weusi, na weupe kuizunguka midomo. Asili yake ni Marekani, ambako katika karne ya 19 Wazungu walijipaka masizi ili kuwacheka watu weusi. Mtindo huo ulivuka bahari kwa njia ya wasafiri na, baadaye, picha za sinema. Katika Pwani ya Dhahabu Waafrika wenyewe waliuchukua ukawa alama ya mchekeshaji tu, na watazamaji wengi hawakujua ulikotoka. Hapo twaona kwamba mzaha husafiri mbali, na aubebaye huweza kuisahau sumu iliyokuwa ndani yake.

Katika miaka ya 1920 walikuja Accra mtu na mkewe, Wamarekani weusi, walioitwa Glass na Grant. Waliimba, wakacheza ngoma za kwao, wakachekeshana mbele ya watu. Baada yao walisimama wenyeji wawili wa Accra, Williams na Marbel. Ila Marbel alikuwa mwanamume aliyevaa kike. Ndipo desturi ilipoanza kushika mizizi: pale penye mtu na mkewe, pakawa na wanaume wawili, mmoja katika suruali na mmoja katika gauni.

Lakini aliyeutoa mchezo huu katika majumba ya wasomi na kuupeleka kwa watu wa kawaida ni Ishmael Johnson, ambaye jina lake la mchezo lilikuwa Bob. Alikuwa mtoto wa shule ya Kimethodisti huko Sekondi. Elimu yake ya mchezo aliipata pengi: shuleni alijifunza nyimbo za kanisa na za Siku ya Dola, mjini aliona michezo ya wakubwa, na bandarini aliwasikia mabaharia wa Liberia na wa Marekani wakiimba na magitaa yao. Mwaka 1930 yeye na wenzake wawili walifanya kundi lililoitwa Two Bobs and the Carolina Girl, yaani Bob wawili na msichana wa Carolina. Huyo msichana wa Carolina alikuwa mwanamume. Mwaka 1935 Bob akaungana na Charlie Turpin na E. K. Dadson, wakajiita Axim Trio, kwa jina la mji wa Axim. Dadson ndiye aliyevaa kike, na sifa zake zilienea sana. Kundi hilo lilizunguka nchi nzima, likafika hata Nigeria.

Watu watatu walitosha kwa mchezo mzima: mchekeshaji, bwana na bibi. Mchekeshaji alikuwa mtumishi mjanja, mlafi, mwenye maneno mengi; watazamaji walimtambua mara moja kuwa ni ndugu wa Ananse, yule buibui wa hadithi zao, kama sisi tumjuavyo Sungura au Abunuwasi. Bwana alikuwa mtu wa makoti na Kiingereza kikubwa. Bibi alikuwa mke, au mjane, au msichana aliyerudi kutoka mjini. Kwanza wote watatu walitokea kwa wimbo wa kuwafungulia watu mchezo, wakicheza kwa hatua za kizungu. Kisha mchekeshaji aliingia na mizaha yake. Mwisho ulifuata mchezo wenyewe, uliochukua muda wa saa moja au zaidi. Tena Bob aliacha kusema Kiingereza kitupu akatia Kiakani, lugha ya watu, na kiingilio akakipunguza. Jina lake lilikuwa kubwa hata kila mchekeshaji aliyemfuata aliitwa Bob, kama kwamba Bob ni jina la kazi.

Sasa tutazame ufundi wa nyimbo zao. Mchezaji alichukua sauti ya wimbo ambayo watu walikwisha kuijua: wimbo wa dansi kutoka santuri, au wimbo wa shule, au hata sauti ya kanisa. Kisha akatia maneno mengine. Basi msikilizaji alisikia nyimbo mbili kwa pamoja, ule wa zamani moyoni mwake na ule mpya masikioni. Na kicheko kilizaliwa katikati ya nyimbo hizo mbili. Sauti ya utukufu ikibeba habari za deni la nyama, wenye madeni wanacheka, halafu wanatazama chini. Wimbo wa namna hii haumtaji mtu, wala hauhitaji kumtaja. Kila mtu hujikata kipande chake mwenyewe, kama kitambaa dukani.

Na mavazi ya kike yalifanya kazi yake. Lau mwanamume angalisimama katika suruali yake mbele ya kijiji, akawaambia waume, “Ninyi mwawaacha wake zenu na njaa, mwapeleka fedha za mavuno mjini,” wangalimkasirikia, na pengine wangalimpiga. Lakini mwanamume yule yule katika gauni na kitambaa cha kichwa, akilia kwa sauti nyembamba juu ya mumewe asiyeleta posho, aliwachekesha kwanza kwa kuwa walijua ni mwanamume. Baada ya kitambo walisahau kuwa ni mwanamume, wakaanza kusikia maneno. Nguo ilifungua mlango ambao hoja isingeweza kuufungua.

Mambo waliyoyaimba yalitoka katika maisha ya watu. Tangu mwaka 1911 Pwani ya Dhahabu ilipata kuwa ya kwanza duniani kwa kutoa kakao, na ukuu huo uliendelea zaidi ya miaka sitini. Fedha ziliingia vijijini kwa msimu, na makundi ya mchezo yalifuata msimu huo, yakisafiri kwa malori kutoka mji hata mji. Fedha zile zilileta mambo mapya: vijana waliokimbilia mijini, wanawake waliopenda vitambaa vya bei, watu waliorudi kutoka Ulaya nao hawataki tena chakula cha kwao. Likazuka hata neno la kumsifu na kumcheka mtu wa kisasa: aliitwa jaguar, kwa jina la motokaa nzuri ya Kiingereza. Mwaka 1954 kundi moja likajiita Jaguar Jokers. Mkuu wake, Bampoe, alikuwa mchekeshaji wa ajabu, na katika kundi hilo pia majukumu ya kike yalichukuliwa na wanaume.

Mchezo mmoja wa Jaguar Jokers uliopendwa mno ulikuwa habari ya yatima anayeteswa na mama wa kambo. Watazamaji walilia kweli kweli. Walipanda jukwaani wakampa mwigizaji sarafu, wengine wakizibandika pajini mwa uso wake, hali wakijua kabisa ya kuwa yule ni mtu mzima aliyekwisha kula chakula chake cha jioni. Kwa nini walilia hivyo? Imepasa tujue sheria ya urithi ya Waakani. Kwao ukoo huhesabiwa kwa upande wa mama, na kwa desturi mali ya mwanamume aliyekufa ilikwenda kwa ndugu zake wa tumbo moja au kwa mpwa wake, mtoto wa dada yake. Mkewe na watoto wake walikuwa wa ukoo mwingine. Zamani, ukoo ulipokaa pamoja na ardhi ilikuwa nyingi, wajane walitunzwa. Lakini kakao ilipokuja, mke na watoto walilima shamba la baba miaka kumi au ishirini, na siku ya kufa kwake wakaambiwa watoke. Hapo ndipo palipokuwa na kidonda cha nchi, na nyimbo za yatima na mjane ziligusa kidonda hicho usiku baada ya usiku, miaka mingi. Mwaka 1985 serikali ya Ghana ilitoa sheria mpya ya urithi, ikawapa mjane na watoto fungu lao katika mali ya marehemu asiyeacha wasia. Sidai ya kuwa nyimbo ndizo zilizoitunga sheria hiyo. Lakini watu waliokwisha kulia mbele ya jukwaa hawakuhitaji kuelezwa na wakili maana yake.

Mambo ya utawala nayo hayakuachwa. Wakati wa vita vya 1939–1945 Axim Trio walicheza mchezo juu ya kuanguka kwa Hitler. Baada ya vita walionyesha michezo ya kumsifu Kwame Nkrumah, aliyefungwa na Waingereza mwaka 1950 na kutolewa Februari 1951. Askari waliokwenda Burma, ambako vijana wetu wa K.A.R. pia walipigana, walirudi na michezo yao. Mmoja wao, Bob Vans, aliliita kundi lake Burma Jokers, na mwaka 1948 akalibadili jina likawa Ghana Trio, miaka tisa kabla nchi yenyewe haijaitwa hivyo. Mwaka 1952 E. K. Nyame, mpiga gitaa hodari, aliunganisha mchezo huo na muziki wa magitaa uitwao hailaifu. Maana ya neno hilo ni maisha ya juu. Walilitunga watu maskini waliosimama nje ya majumba ya dansi, wakiwachungulia wakubwa waliokuwa ndani. Basi ona: hata jina la muziki wao lilikuwa mzaha. Toka hapo kinanda kiliachwa, magitaa yakashika, na mchezo wote ukawa kwa lugha ya wenyeji.

Utawala ulipokuwa wa Waafrika wenyewe, wimbo haukunyamaza. Februari 1966 wanajeshi walimpindua Nkrumah. Mwaka 1967 Nana Ampadu, mkuu wa African Brothers, alitoa wimbo uitwao Ebi Te Yie, maana yake “wengine wamekaa vizuri.” Ni hadithi ya wanyama waliokutana kwa shauri. Chui alikaa nyuma ya paa mdogo, akamkanyaga mkia kwa makucha yake, na kila paa alipotaka kusema alinyamazishwa. Mwishowe paa alipaza sauti kwamba mkutano uvunjwe, kwa maana wengine wamekaa vizuri na wengine wamekaa vibaya. Nchi nzima ilifahamu. Wimbo ukaacha kusikika katika redio. Mtungaji alipoulizwa, alijibu ya kuwa ni hadithi tu ya wanyama. Hilo ndilo fumbo la wimbo wa namna hii: mwenye makucha akikasirika, amekwisha kukiri kwamba chui ni yeye.

Sasa nataka kujibu mambo mawili. Kwanza, Wakristo wengine watauliza juu ya sheria ya Musa katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 22, ikatazayo mwanamume kuvaa mavazi ya mwanamke. Swali hilo ni la haki, nami siwezi kulimaliza katika ukurasa mmoja. Nasema tu kwamba watu hawa walivaa nguo zile mbele ya taa, watu wote wakijua, wakazivua mchezo ulipokwisha. Na katika nchi nyingi za Kikristo mavazi ya jukwaani yamehesabiwa mbali na mavazi ya maisha. Kila mtu na aamue kwa dhamiri yake.

Jambo la pili laniuma zaidi, wala halikuulizwa sana siku zile. Katika mchezo huu mwanamke alionekana kila usiku, naye hakuwapo hata usiku mmoja. Wazazi hawakukubali binti zao wasafiri kwa malori pamoja na wanaume na kulala ugenini. Kwa hiyo mwanamume akamvaa mwanamke, akamsemea. Pengine alimsemea vema, kama katika nyimbo za wajane. Lakini mara nyingi alimfanya mpenda fedha, mwongo, mama wa kambo mkatili, msichana wa mjini asiyejua hata kupika. Wanaume walitunga, wanaume wakaimba, na wanawake waliketi katika viti vya nyuma wakijitazama katika kioo kilichoshikwa na mtu mwingine. Fedha za kakao ziliwapotosha wanaume wengi, nao waliimbwa. Lakini gauni ndilo lililobeba aibu kubwa. Katika miaka ya 1960, siku za Nkrumah, kundi la mchezo la Kikosi cha Wafanyakazi liliajiri wanawake wapande jukwaani wenyewe. Wengi walisemwa vibaya mwanzoni. Hata hivyo walibaki, na polepole desturi ya wanaume kuvaa kike ikapungua.

Mchezo wenyewe nao ulipata mapigo. Baada ya mapinduzi ya tarehe 31 Desemba 1981 watu walikatazwa kutembea usiku, na katazo hilo lilidumu miaka kama miwili. Mchezo uliozoea kuanza usiku na kumalizika karibu na alfajiri ungeishije? Makundi mengi yalivunjika. Televisheni na kanda za picha zikachukua watu waliobaki. Katika miaka ya 1990 mchezo ulifufuliwa katika Jumba la Taifa la Michezo huko Accra, na wachekeshaji wakaitwa Bob tena, ingawa yule Bob wa kwanza alikuwa amekwisha fariki.

Tumejifunza nini? Wazee husema, mchelea mwana kulia hulia yeye. Watu wasiokubali kuchekwa watakuja kulizwa na yale yale waliyoyaficha. Wimbo wa mzaha wafaa, nasi waalimu tusiuogope katika tamasha za shule zetu, hata ukitugusa sisi wenyewe. Maana mtoto ajuaye kugeuza maneno ya wimbo amekwisha kuuelewa. Lakini kabla hatujapiga makofi, yatupasa kuangalia ni nani achekwaye, na kama yeye naye amepewa zamu ya kuimba. Paa wa Nana Ampadu alipata sauti, ingawa mkia wake ulikanyagwa. Wanawake wa Pwani ya Dhahabu walingojea zamu yao zaidi ya miaka arobaini tangu siku ya Mwalimu Yalley. Katika vijiji vyetu pia wako wanaoimbwa kila harusi na kila ngoma, nao hawajaimba bado: mke aliyefukuzwa, mtumishi wa nyumbani, mgeni asiyejua lugha yetu vizuri. Tuwape nafasi mbele, kisha tuone kama nasi tutaweza kucheka.